Mkongojo Nje ya Mlango

"Haya, mimi ndiye daktari," mke wa Rula akasema. Akaketi juu ya ndoo iliyofunikwa, akakunja nne, akavaa miwani ya kusomea iliyokatika mkono mmoja. "Ingia."

Rula akaingia. Yaani alitoka nyuma ya pazia la kitanda akaja mpaka katikati ya chumba, mkongojo kwapani, mguu wa kulia ukimfuata nyuma kama mtoto anayeburutwa kwenda shule.

"Mzee, unaendeleaje?"

"Naendelea vizuri, daktari, namshukuru Mu..."

"Toba!" Mkewe akavua miwani. "Vizuri ya wapi? Baba watoto, mtu anayeendelea vizuri anakwenda kudai fidia ya nini? Rudi nyuma ya pazia."

"Nimezoea tu. Mtu akikuuliza hali, unamjibu vizuri."

"Kesho ukiulizwa utajibu hivi: naumia. Neno moja tu. Naumia, silali, siinami, sipigi magoti. Hebu sema."

"Naumia," Rula akasema, kwa sauti ya mtu aliyeshikwa na kuku wa watu.

Binti yao wa mwisho, aliyekuwa amelala kifudifudi sakafuni akiandika kazi ya shule, alicheka mpaka kalamu ikamtoka mkononi. Rula akamkazia macho. Akamuuliza kama alipotoka shule alimwamkia muuza mkaa wa pale mbele, maana mama yule alikuwa amelalamika kwamba watoto wa siku hizi wanapita mbele ya watu wazima kama ng'ombe. Huyo ndiye Rula. Nyonga imesagika, kodi ya chumba haijalipwa, yeye anahesabu nani ameamkiwa na nani hakuamkiwa.

Jina hilo la Rula alipewa na mafundi wenzake. Alikuwa fundi vigae, na sakafu yake ungeweza kuitazama kutoka mlangoni mpaka ukutani usione mstari uliopinda. Sasa mwenyewe ndiye aliyepinda. Lori la kampuni moja ya vinywaji liliacha barabara likamfuata pembeni alikokuwa akitembea na ndoo yake ya vifaa, likampondea nyonga. Wakamuunga, akaungika vibaya. Daktari wa upasuaji wa hospitali kuu alimchorea picha nyuma ya bahasha ya eksirei: kiungo cha chuma, kirungu na kikombe chake. Akiwekewa hicho atakaa kitako kama watu, atatembea, na vigae vya ukutani anaweza hata kubandika akiwa amesimama. Asipowekewa, mfupa utaendelea kujisaga wenyewe kwa wenyewe, na iko siku ataingia kitandani asitoke. Rula alipotajiwa bei ya kiungo kile, alidhani daktari anamtajia namba ya simu.

Kwa hiyo pale nyumbani fidia ilikuwa ndiyo nyonga, na nyonga ndiyo fidia. Bima ya lori ilishakubali kwamba dereva alikosa. Kilichobaki ni kujua Rula ameharibika kiasi gani, na hilo lilikuwa la kusemwa na daktari aliyechaguliwa na bima. "Kesho ndiyo kesi yenyewe," wakili wao alikuwa amesema kwenye simu. "Mengine yote ni makaratasi."

"Tena," mkewe akasema, akavaa miwani. "Ingia."

*

Asubuhi Rula alivaa shati lake jeupe la kuendea misibani na harusini. Mkewe alitaka avae lile lililochanika kwapani.

"Niende kwa watu nimevaa matambara? Mimi si ombaomba."

"Leo wewe ni ombaomba. Leo tu. Kesho utakuwa bwana mkubwa."

Shati jeupe likashinda. Hilo mkewe aliliachia, kwa kuwa alikuwa anaweka nguvu zake kwa ajili ya lile neno moja.

Walipofika barabara ya lami mkongojo ulianza kulia: ngo, ngo, ngo. Raba ya chini ilikuwa imelika ikatoka, na kipande cha mpira wa baiskeli ambacho Rula alifunga badala yake kilikuwa kimeachia. Chuma kitupu kilikuwa kinagonga lami, na watu wakawa wanageuka. Walipita mbele ya duka la vifaa vya wagonjwa, raba za namna ile zimetundikwa kwenye msumari mlangoni. Bei ya moja haikufika bei ya mche wa sabuni. Mkewe alizitazama, akapapasa fundo la leso alilofungia nauli ya kurudi na pesa za kutolea nakala.

"Raba tutanunua tukirudi," akasema.

"Hakuna shida," Rula akajibu. Hilo ndilo lilikuwa jibu lake la kila jambo. Kwenye majengo, fundi anayesema kuna shida kesho yake haitwi.

Kwa daktari kulikuwa na benchi refu na watu wameketi kimya, kila mmoja na bahasha yake ya eksirei mapajani. Karani wa mapokezi, msichana wa kucha ndefu, alipekua karatasi zao kwa ncha za vidole.

"Nakala ya kitambulisho iko wapi?"

"Si hiyo hapo, mwanangu?"

"Hii imefifia, mama. Daktari haoni sura. Ng'ambo ya barabara wanatoa nakala. Kimbia."

"Akiitwa je?"

"Akiitwa ataingia. Kwani ndiye wewe unayepimwa?"

Watu wa kwenye benchi wakatazama viatu vyao. Mkewe akamwinamia Rula sikioni. "Neno moja," akamnong'oneza, akatoka mbio.

Ng'ambo ya barabara kulikuwa na foleni, na mashine ilikuwa imekwama karatasi. Mkewe akiwa bado anaikodolea mashine ile macho, kule kwa daktari Rula akaitwa.

*

Rula alifungua mlango wa daktari, akasimama kizingitini.

Wewe na mimi tungeona chumba. Rula aliona sakafu. Vigae vyeupe, vikubwa, vimebandikwa juzi au jana. Saruji nyeupe ya kwenye viungo ilikuwa bado ina weusi wa maji kule pembeni, na chini ya dirisha fundi alikuwa ameacha ubao wa kukanyagia na kitambaa chake cha kupangusia. Kazi mbichi, na nzuri pia, kazi ya mtu aliyepiga magoti kutwa nzima na kuondoka na mgongo umekufa ganzi. Rula aliutazama mkongojo wake, kile chuma kitupu cha chini. Ungetia alama kila utakapogusa. Ungechimba viungo. Katika maisha yake alikuwa amewafokea wabeba mizigo wangapi kwa jambo hilohilo?

Akauegemeza mkongojo ukutani, nje ya mlango, taratibu usije ukaanguka. Akamwambia karani, "Nauacha hapa, binti, usije ukakwaruza sakafu ya watu." Kisha akaingia mikono mitupu, akishika ukuta, akashika kabati, akashika ukingo wa meza. Jasho lilikuwa limemjaa mgongoni na shati jeupe limemganda. Usoni alikuwa anatabasamu.

Daktari alikuwa kijana. Alimwona mzee anaingia, akaacha alichokuwa anafanya, akasimama.

"Shikamoo, mzee."

Jamani. Tangu lori lile, hakuna mtu wa ofisini aliyewahi kumpa Rula shikamoo. Alikuwa ameitwa wewe wa nyonga, ameitwa mzee wa lori, ameambiwa sogea, ameambiwa rudi Jumatatu. Na huyu hapa, koti jeupe, msomi, amesimama kwa ajili yake.

"Marahaba! Marahaba, mwanangu. Kaa, kaa."

"Karibu kiti. Habari za nyumbani?"

"Njema kabisa."

"Watoto hawajambo?"

"Hawajambo, na mama yao hajambo."

"Na wewe mwenyewe, mzee, unaendeleaje?"

"Naendelea vizuri, mwanangu. Afya njema, tunamshukuru Mungu."

Kalamu ikaandika.

Nisimsingizie daktari yule. Hakuwa mtu mbaya, wala hakumtegea Rula mtego. Nyumbani kwao alilelewa kuamkia wakubwa, na shuleni alifundishwa kuandika anachokiona na anachokisikia. Alifanya yote mawili, na akayafanya vizuri.

"Unapata maumivu?"

Hapo Rula alilikumbuka lile neno. Lilikuwepo, liko tayari, limefanyiwa mazoezi. Lakini utamwambiaje mtu afya njema, halafu kabla hujameza mate umwambie unaoza? Angekuwa amemdanganya kijana aliyemheshimu, mara ya kwanza au mara ya pili, moja kati ya hizo.

"Kidogo," akasema. "Baridi ikizidi."

Daktari alimlaza, akamkunja mguu, akaupeleka huku, akaurudisha. Rula alikaza meno mpaka masikio yakavuma.

"Hapa?"

"Panavumilika."

"Na hapa?"

"Hapo... napo panavumilika."

"Wewe ni mzee jasiri sana," daktari akasema. Rula akaona fahari. Ndiyo, akaona fahari, akiwa amelala chali na machozi yanamtiririkia masikioni, na kijana yule amekwisha kugeuka kuandika.

*

Mkewe aliporudi na nakala, kitu cha kwanza alichokiona ni mkongojo umesimama peke yake nje ya mlango uliofungwa.

"Nani kautoa huu nje?"

"Kauacha mwenyewe," karani akasema bila kuinua uso. "Eti usikwaruze sakafu."

"Sakafu?" Akaushika mkongojo, akauelekea mlango. "Fungua."

"Mama, huingii."

"Siingii mimi. Unaingia mkongojo."

"Mkongojo hauna miadi."

Mtu mmoja kwenye benchi akacheka, wengine wakafuata, si kwa ubaya, ni kicheko cha watu waliokaa kimya muda mrefu. Mke wa Rula alisimama pale, mwanamke mtu mzima, nakala mkono mmoja, mkongojo mkono wa pili, akichekwa. Akasema, "Binti yangu, nakuomba. Nakupigia magoti." Karani akamwambia asimletee matatizo kazini, naye ana watoto. Basi akaketi. Akaulaza mkongojo mapajani mwake, juu ya bahasha ya eksirei.

Mlango ulipofunguka, Rula alitokea ameshika fremu, uso umemng'aa kwa jasho.

"Kijana ana adabu yule!" akasema. "Kasimama. Kanipa shikamoo."

"Ulimwambia?"

"Nilimwambia."

"Ulimwambia nini?"

Rula akaunyoosha mkono kuuchukua mkongojo wake. "Sakafu mbichi, mama watoto," akasema. "Kazi ya mtu ile."

*

Wakili aliwaita ripoti ilipotoka. Ofisi yake ilikuwa juu, ngazi nyembamba, na Rula alizipanda kwa kukaa, kitako baada ya kitako, mkewe akimsukuma mguu. Watu waliokuwa wanashuka waliwaruka.

"Sasa," wakili akasema, akavuta karatasi. Alikuwa kijana mwenye suti moja, na hakupenda alichokuwa anakwenda kusoma. "Nasoma kama ilivyo. 'Mdai aliingia chumbani akitembea mwenyewe, bila mkongojo wala msaada wa mtu. Alipoulizwa hali yake alieleza kwa hiari kwamba anaendelea vizuri na afya yake ni njema. Alieleza kuwa maumivu ni kidogo, hasa nyakati za baridi. Viungo vilipokunjwa alisema panavumilika.' Kiwango cha ulemavu wa kudumu..." Akataja asilimia. Ilikuwa asilimia ya mtu aliyekatika kidole.

"Mkongojo nilikuwa nao mimi!" mkewe akasema. "Nilikuwa nao mkononi, hapo nje ya mlango! Waulize watu wa kwenye benchi!"

"Mama, nakuamini."

"Basi waambie!"

"Nitawaambia nini? Kwamba aliuacha nje kwa kuhurumia sakafu? Mzee, hebu nisaidie. Hayo maneno uliyasema, au kakusingizia?"

Rula alikuwa ameketi upande, tako moja juu ya kiti na jingine hewani, kama anavyoketi siku zote.

"Niliyasema."

"Kwa nini?"

"Alinipa shikamoo," Rula akasema. Akawatazama wote wawili, mmoja mmoja, akiomba kweli wamweleze. "Mtu amekupa shikamoo, amekuuliza habari za nyumbani. Unamjibuje?"

Wakili alikohoa, akasema iko njia. Wanaweza kupinga. Watafute bingwa wao, ampime upya, aje atoe ushahidi, na kesi irudi kwenye foleni.

"Bingwa analipwa na nani?" mkewe akauliza.

"Na nyinyi."

"Tungekuwa na pesa ya bingwa, si tungekuwa na nyonga?"

"Na ile barua ya daktari wa hospitali kuu?" Rula akauliza. "Ile yenye picha?"

"Wameiona. Wanasema ni ya zamani. Wanasema tangu hapo umepata nafuu, na umesema mwenyewe." Akasukuma karatasi nyingine mezani. "Hii ndiyo wanayotoa. Mkikataa, wanaweza kungoja miaka. Nyinyi mnaweza kungoja?"

Rula akasaini. Mkono wake ulikuwa mzuri bado, mwandiko umenyooka kama ulivyokuwa. Katika ile pesa wakili akatoa ujira wake, hospitali ikachukua deni lake, mwenye nyumba akachukua lake. Rula akauliza, kwa upole, "Kwa hiyo ile nyonga..." na hakumalizia, na wakili akawa anatafuta kitu kwenye droo.

*

Walipofika nyumbani mkewe aliwasha jiko, akapakua, akampelekea mumewe sahani, na akiwa bado ameishika ndipo akapasuka.

"Umeiuza nyonga yako kwa shikamoo!"

"Mama watoto."

"Usiniite! Nilikuomba neno moja. Mimi nasugua ofisi za watu mpaka vidole vimetoka ngozi, wewe unahurumia vigae! Vigae ndivyo vitakavyokugeuza kitandani? Vigae vitakuosha? Huyo kijana wako mwenye adabu, atakuja kukuosha?"

Binti akaanza kulia. Rula aliitazama sahani. Alisema kitu ambacho hakuwahi kukisema kwa dhati, si kwa daktari, si kwa wakili, wala nyuma ya pazia.

"Naumia," akasema. "Naumia sana, mke wangu. Naumia mpaka najuta lile lori halikumaliza."

Lilimtoka vizuri sasa, lile neno, lilimtoka lenyewe, mbele ya watu wawili wasiokuwa na uwezo wa kumwandikia lolote. Mkewe aliweka sahani chini. Alitaka kumshika, akakumbuka msumari wa pale dukani, zile raba zimetundikwa, na sauti yake mwenyewe ikisema tukirudi. Raba ingekuwepo, mkongojo ungeingia. Hakumwambia. Siku iliyofuata alikwenda akanunua, akaivalisha mkongojoni mwenyewe, akaisukuma kwa kiganja mpaka ikakaa. Tangu hapo mkongojo haukulia tena, lakini Rula naye hakuwa na safari nyingi.

Mwanzoni alikuwa anatoka mpaka mlangoni. Akiketi pale na tako lake moja, watu wanapita, wanaita, "Fundi Rula! Za leo?" naye anatazama ukuta wa mbele. Binti yake akamwambia, "Baba, umeamkiwa." Akasema, "Nimesikia." Mtaani wakapata la kusema. Ilishajulikana kwamba bima imelipa, na pesa ya bima huko nje huwa inazaa yenyewe. Kila aliyeisimulia aliiongezea kidogo. Wakasema fidia imemtia kiburi. Wakasema, mtu alikuwa anaamkia mpaka vichanga vya mgongoni, leo kapata vijisenti, hajui mtu. Kisha hakutoka tena hata hapo mlangoni, nao wakasema amehamia ndani kulinda pesa.

Jioni moja mkewe, akitoka kusugua ofisi, alipita kwa muuza mkaa.

"Nipimie makopo mawili, dada. Nitakulipa mwisho wa wiki."

Muuza mkaa alipiga makofi. "Haya, njooni mwone! Wenye fidia nao wanakopa! Basi sisi wengine tukajizike."

"Fidia gani, dada yangu."

"Ficheni, ficheni tu, ni vyenu." Alimpimia hata hivyo, makopo yasiyojaa, akamfungia kwenye mfuko. Halafu akainama karibu, na safari hii uso wake haukuwa na mzaha. "Lakini mzee wako nimemkosea nini mimi? Nilikuwa namwamkia, anatazama ukuta. Sasa hata simwoni. Niambie kweli. Mzee hajambo?"

Aliulizwa hivyo, waziwazi, na mtu aliyetaka kujua. Neno lilikuwa moja tu, na yeye ndiye aliyelifundisha. Lilimpanda mpaka kwenye ulimi. Nyuma yake wateja wawili walikuwa wanasikiliza, na muuza mkaa anamtazama usoni, anangoja.

"Hajambo," akasema. "Afya njema. Tunamshukuru Mungu."

Akachukua mkaa wake, akaenda nyumbani kumgeuza mumewe upande wa pili.